Baba Aliyekatazwa Kufa

Wiki iliyopita niliwaacha nikiwa nimekaa kwenye kiti cha turubai chenye jina la mtu mwingine mgongoni.

Kwa ambao hawakuwa nasi: mimi ni Kajitani Eikichi, mzaliwa wa Kawasaki, na nusu ya ujana wangu niliimaliza nikiandika miswada ya filamu katika kampuni ya Tsukikage, kando ya mto Tama. Mimi niliandika, waongozaji wakakata. Nikiandika mvua, wao wanapiga picha ya jua. Nikiandika mjane, wanaleta bibi harusi. Kisha mwongozaji wetu mkubwa akagombana na wakuu wa kampuni na kuhamia kwa wapinzani, kazi ikiwa imeshaanza. Wakatafuta wa kukalia kiti chake, wakanikuta mimi nimesimama karibu. Jina lake hawakulifuta. Walisema rangi imekwisha.

Filamu yenyewe ilikuwa ya moyoni mwangu. Ilimhusu mama yangu, Toyo, aliyeendesha hamamu ya mtaa peke yake tangu baba alipotukimbia. Nilikuwa na miaka mitano. Baba alitoka na taulo begani kama mtu anayekwenda kuoga, jambo la ajabu kidogo kwa mtu anayeishi ndani ya hamamu, na hakurudi. Mama aliniambia amechukuliwa na mwanamke wa kundi la maigizo lililokuwa likipita mjini. Hakuongeza neno. Picha zake zote ziliteketea pamoja na nyumba wakati wa mabomu, kwa hiyo nilikua sijui hata pua ya baba yangu inafananaje.

Nilipomwomba mama ruhusa ya kuyatia maisha yake kwenye sinema, alikuwa akimenya figili. Alimenya mpaka akamaliza, ndipo akanijibu.

"Tengeneza," akasema. "Lakini yule mtu afe. Na afe mapema."

Nikaandika afe. Anaaga mwanzoni kabisa, na kurasa mbili mbele bahari inammeza. Nilipomsomea mama, aliridhika. Alitaka kujua jambo moja tu, kama maji yalikuwa ya baridi.

Hapo ndipo tulipoishia. Sasa nipeni masikio.

Siku chache kabla ya kuanza kupiga picha, niliitwa ofisini kwa Bwana Ushioda, mtayarishaji wetu. Huyu ni mtu ambaye hajawahi kumletea mwenzake habari mbaya. Huleta habari njema, nawe unaugundua ubaya wake ukiwa umeshashuka ngazi.

Alinimiminia chai kwa mkono wake mwenyewe. Akanisifu. Akasema kampuni imeupenda mswada kiasi cha kuipa filamu nafasi bora kuliko zote za mwaka: itatoka Mwaka Mpya. Nikainama mpaka paji la uso likagusa meza. Waandishi wenzangu wamekufa wakiiota nafasi ile.

Nilipoinuka, alikuwa bado anatabasamu. Akaniambia kuna kitu kidogo cha kurekebisha. Filamu ya Mwaka Mpya haina maiti.

"Watu wamekula mochi za wali za sikukuu, wamevaa kimono kipya, wamemleta na bibi yao," akasema. "Wewe unawaonyesha maiti?"

Nikamwambia maiti haionekani, imezama.

"Hiyo ndiyo mbaya zaidi. Watakaa mpaka mwisho wakisubiri iibuke."

Nikamweleza sharti la mama. Alinisikiliza kwa huruma yote ya duniani, kisha akasema mama yangu ni mtazamaji mmoja, na isitoshe ataingia bure. Amri ilikuwa imetoka juu. Baba hafi. Anarudi mwishoni, anapiga magoti mlangoni, mama anamsamehe, theluji inaanguka. Theluji ilikuwa imekwisha kuagizwa.

Nikasema basi naacha kazi. Bwana Ushioda akasema ananielewa kabisa, na kwamba Onuki yuko tayari.

Onuki alikuwa msaidizi wangu wa kwanza. Alinizidi umri. Alikuwa akikisubiri kile kiti tangu sinema zilipokuwa hazijaanza kusema, na aliniita "Mwalimu" kwa sauti ya mtu anayetema mbegu za tikiti.

Sikuacha kazi.

Wasomaji wangu, nilipokuwa mwandishi, kila nilipoketi na wenzangu mbele ya chupa ya sake, niliwaita waongozaji wachinjaji. Sasa kisu nimekishika mimi, na kondoo ni wangu. Nilimtoa baba baharini, nikamkausha, nikamrudisha nyumbani. Ilinichukua asubuhi moja. Kilichoniuma ni kwamba kurasa zile mpya zilikuwa nzuri.

Mama sikumwambia. Nilijiahidi kumwambia siku ikifika, na siku ina tabia ya kufika.

Tulianza kazi. Mama yangu, ambaye kwenye hadithi ana miaka hamsini na mikono ya kubeba kuni, aliigizwa na Kitami Ranko, binti ambaye hata thelathini alikuwa hajaikaribia. Watu wake walikataa mikunjo ya uso. Walikataa mgongo uliopinda. Baada ya vikao vya wiki nzima walikubali unywele mmoja mweupe, kwa masharti kwamba uwe upande usioelekea kamera.

Kisha aliyekuwa aigize baba akatoweka. Alikwenda kwenye televisheni, siku zile ndiyo imeanza kuingia kila sebule na kutunyang'anya watu, kuigiza samurai ambaye kila baada ya kuua hunywa dawa ya tumbo ya wadhamini. Nikabaki na baba aliyefufuka lakini hana mwili.

Onuki akasema asijali Mwalimu. Tulikuwa na wazee kadhaa wa kujaza picha, waliokodishwa kutoka Asakusa, mtaa wa maigizo, kuja kukaa majini kama waogaji. Wengi walikuwa waigizaji wa zamani wa majukwaa ya mitaani, wale walioachwa hoi na sinema, kama sisi tulivyokuwa tukiachwa na televisheni. Onuki akawapanga mstari, akawachungulia midomo, akanichagulia mmoja kwa kuwa ndiye pekee mwenye meno ya mbele.

Alijiita Mzee Sawabe. Mwembamba, shingo ndefu, umri wa sitini na kitu. Nilimpa kurasa za baba anapoaga. Akazisoma taratibu, akazirudia, kisha akaniuliza kwa adabu kama ni hayo tu.

Nikamwambia hayo ni ukurasa mzima na nusu.

Akasema hakatai, ila angependa pia kulia. Hapa mlangoni, kwa upande, taa imguse shavuni. Kabla sijamjibu akanionyesha. Akainamisha shingo kidogo, akaupeleka mkono wa kimono kwenye jicho, kidole cha mwisho kimenyooka, bega moja likashuka kama limeondolewa mfupa. Mafundi waliokuwa juu wakipigilia misumari walinyamaza. Ranko, anayelipwa kwa kulia, alimtazama kwa wivu wa waziwazi.

Nilisema tutaitumia. Nikajiinamia kwenye kiti changu kuandika, ndipo nilipomsikia nyuma yangu.

"Nyoosha mgongo, Chura."

Kalamu ilinidondoka.

Hakuna mtu katika ulimwengu wa sinema anayenijua kwa jina la Chura. Hata wenzangu wa shule hawakulijua. Mama aliwahi kuniambia mara moja tu, akiwa na homa, kwamba baba alikuwa akiniita hivyo kwa sababu nilirukia maji kabla hata sijaweza kutembea vizuri. Alipopona alikana kuwa amesema.

Nilimfuata mzee nyuma ya ukuta wa mbao wa seti. Alikuwa ameketi juu ya kreti, anakula tonge la wali. Nikamwuliza jina lile amelitoa wapi. Akaacha kutafuna. Akasema limemtoka tu.

Nikamwuliza kama amewahi kuishi Kawasaki. Akasema amewahi kupita.

Nikamwuliza tena, anajua nini kuhusu hamamu ya kina Kajitani. Akautazama ule ukuta, ambao upande wa pili mchoraji wetu alikuwa amechora mlima Fuji na ziwa na mashua, kama zilivyochorwa hamamu zote. Akasema mchoro wetu umekosewa. Ile mashua ya Kawasaki haikuwa na mtu ndani yake. Kila mteja aliuliza mwenye mashua yuko wapi, na mwenye hamamu alijibu ameshuka kuoga.

Ilikuwa kweli. Utani ule mama aliurudia maisha yake yote, kwa uso mkavu, kama mtu anayelipa kodi.

Hakukubali, hakukana. Alinitazama tu mpaka macho yakamjaa, na safari hii hakuutafuta mkono wa kimono.

Tangu nikiwa mdogo nilikuwa nimeyapanga maneno ya kumwambia mtu huyu nikikutana naye. Nimeyanoa, nimeyabadilisha, mengine nimewapa wahusika wa filamu za watu wengine. Mimi ni mtu anayeishi kwa maneno. Nilisimama pale mbele yake, nikamwuliza kama ule wali umemtosha.

Akasema umemtosha, ahsante. Kisha akapangusa mdomo, akasogea, akaniuliza kama katika lile onyesho la kurudi nyumbani ningeweza kumwongezea sentensi mbili tatu.

Basi fikirini. Mtu katutupa miaka yote ile, mama kabeba kuni mpaka vidole vimekataa kunyooka, na siku ananirudia, anachotaka ni mistari zaidi.

Nilikasirika njia nzima hadi nyumbani. Nilipofika niliketi nikamwandikia.

Sikumwambia mtu kazini. Ningesema nini? Kwamba nimemwajiri baba yangu aigize baba yangu, na kwamba halingani na nilivyomwandika? Kila asubuhi nilimkuta ameshavaa, ameshapakwa rangi, anawaelekeza watu wa taa. Aliniita Mwalimu mbele za watu. Tukiwa wawili aliniita Chura, kwa woga kidogo, kama mtu anayejaribu kiatu cha mwenzake. Nilianza kufika mapema kuliko ilivyotakiwa. Nilianza kumletea chai.

Bwana Ushioda alipoona vipande vya kwanza kwenye chumba cha kutazamia, alilia mpaka akavua miwani. Akasema yule mzee ni johari, wamemtoa wapi, na kwa nini jina lake haliko kwenye bango. Onuki akasema ni yeye aliyempata. Mimi nikavimba kichwa kimyakimya, kwa kuwa johari ile ilikuwa ya ukoo wetu.

Halafu Bwana Ushioda akaniletea habari njema nyingine.

Alikuwa amefikiria namna ya kuitangaza filamu. Mchana wa leo, tunapopiga onyesho la msamaha, wapigapicha wa magazeti wamealikwa, na atakuwepo mgeni wa heshima: mama halisi wa Kawasaki, aketi pale mbele, amtazame mama wa filamu akimsamehe baba wa filamu. Machozi yake yatatoka ukurasa wa kwanza.

Chai ilinipalia. Nikasema mama yangu hatoki nyumbani, ana miguu mibovu, ana hasira, hapendi watu wa magazeti.

"Amekubali," akasema. "Nimempigia mwenyewe. Gari imeshakwenda kumchukua."

Mama alishuka kwenye gari amevaa kimono chake cha misiba. Cheusi tii, chenye nembo ya ukoo, kile anachokitoa sandukuni mtu anapokufa. Wapigapicha walishangaa. Mimi sikushangaa. Alikuwa amekuja kumwona mume wake akizama.

Nilimvuta pembeni, kwenye ujia kati ya vyumba vya kuvalia. Nikamwambia kuna mabadiliko madogo kwenye hadithi. Nilijisikia naongea kama Bwana Ushioda, hata tabasamu lilikuwa lake.

"Hafi?" akauliza.

Nikasema hafi. Anarudi.

"Nani kamrudisha?"

"Kampuni, mama."

"Alipoondoka, hiyo kampuni ilikuwapo?"

Akanirekebisha ukosi wa shati, jambo ambalo hufanya anapotaka kunipiga lakini kuna watu. Akasema kwa kuwa amekwisha kuja, ataangalia, na kwamba akirudi Kawasaki atawaambia majirani filamu ni ya familia nyingine.

Nikakusanya moyo wangu wote. Nikaanza kumwambia kwamba kuna jambo la pili, kubwa kuliko hilo, kwamba humo ndani kuna mzee mmoja. Hapo hapo Onuki akatokea, akasema taa ziko tayari, karatasi za theluji ziko juu, na mzee akikaa zaidi magotini hatainuka tena, Mwalimu. Nilipogeuka, mama alikuwa ameshaingia.

Sasa picha ilikuwa hivi. Mlango wa hamamu uko wazi. Nje theluji ya karatasi inaanguka polepole. Ranko ameketi kwenye kiti cha juu cha kupokelea wateja, na unywele wake mweupe. Mzee Sawabe amepiga magoti kizingitini, uso chini. Wapigapicha wamepangwa ukutani. Mama ameketi karibu na Bwana Ushioda, mikono mapajani.

Nilisema anza. Kamera ikaanza kuzunguka.

Mzee akaanza kusema. Ilikuwa ile hotuba niliyomwandikia, yenye zile sentensi tatu za kuongeza, na aliongeza nyingine zake. Aliomba msamaha kwa ajili ya kuni zote. Aliomba msamaha kwa ajili ya mtoto aliyejifunza kuogelea bila mtu wa kumshika. Sauti yake ilipanda ikawa nyembamba, ikatetemeka, ikashuka. Ranko alitokwa na machozi kabla ya zamu yake. Nilimsikia Bwana Ushioda akipenga kamasi.

Kisha nikamwona mama amesimama.

Alitembea kwenye mwanga kama mtu anayevuka chumba chake mwenyewe. Hakuna aliyemzuia. Wapigapicha walidhani ndivyo ilivyopangwa. Akampita Ranko, ambaye alikuwa ameshuka kitini kumpokea mume.

"Sogea kidogo, binti," akamwambia kwa upole, naye Ranko akasogea.

Mama akasimama mbele ya mzee. Mzee akainua uso, akamwona, na sentensi ikamkatikia mdomoni.

Nilijua atampiga. Na ningekuwa yeye ningempiga pia. Lakini mzee wa watu alikuwa mwembamba kama ufito, na mimi nilikuwa nimeshaanza kumletea chai. Nikatoka nyuma ya kamera nikasema kile nilichoshindwa kukisema ujiani.

"Mama, nilitaka kukuambia mapema. Ni baba."

Aligeuka akanitazama kama alivyokuwa akinitazama nilipovaa kiatu cha kulia mguu wa kushoto.

"Baba yako?" akasema. "Huyu si baba yako."

Chini, mzee alikuwa ameinama tena. Paji la uso sakafuni, viganja vimebanana, vidole vimepangwa safi, kiwiliwili kimekunjwa kwa ulaini ambao hakuna mwanamume wa mtaani kwetu angeuweza. Mama akamwonyesha kwa kidevu.

"Huyu ndiye yule mwanamke."

Kila mtu katika nchi hii anajua kwamba kwenye makundi yale ya zamani wanawake wa jukwaani waliigizwa na wanaume. Mimi mwenyewe nimeandika filamu mbili juu yao. Nilijua wanavyopaka poda, wanavyotembea, wanavyojifuta jicho na kidole cha mwisho kimenyooka. Nilikuwa na maarifa yote hayo, na kwa maisha yangu yote nilipomfikiria mwanamke aliyemchukua baba yangu, nilimpa nywele ndefu na sura ya mhudumu mmoja wa kantini.

Basi ndiyo maana alijua mashua haina mtu. Alisimuliwa. Mtu alikuwa amekaa naye miaka, akimsimulia juu ya hamamu moja ya Kawasaki na mtoto aliyerukia maji kama chura.

Mama akashusha magoti yake mabovu, moja, kisha la pili, mpaka akawa sawa na yule mzee, theluji ya karatasi ikiwaangukia wote wawili. Alipozungumza ilikuwa kwa sauti ya chini, sauti ambayo sijawahi kumsikia nayo.

"Yuko wapi?"

Mzee Sawabe akainua kichwa. Rangi ya uso ilikuwa imechirizika mpaka kidevuni. Hakumtazama mama. Aligeuza macho kuelekea lango la studio, ambako wazee wengine wa kujaza picha walikuwa wamekaa kwenye mabenchi wakisubiri kuitwa, na yakatua kwa mmoja wao.

Nikahisi mkono umenishika shati kwa nguvu. Alikuwa Bwana Ushioda, mashavu yamelowa, amepauka kwa furaha.

"Usiseme kata," akaninong'oneza. "Kajitani, ndugu yangu, chochote utakachofanya, usiseme kata."

Nyuma ya kamera Onuki alikuwa amepinda mgongo, anaisogeza taratibu juu ya reli zake, karibu zaidi, bila kuambiwa na mtu. Kwa mara ya kwanza alinitazama kama mwongozaji. Neno la kuisimamisha kamera lilikuwa moja, na katika jengo lile zima ni mimi tu niliyekuwa na haki ya kulisema.

Mama alikuwa amegeuka. Alinitafuta kwenye giza lililo nyuma ya taa, mkono umekinga macho, mabega ya kimono cha misiba yamejaa karatasi nyeupe.

"Eikichi," akasema, "hicho kidude chenu bado kinazunguka?"